Daneji

Siku Katibu Mutisya alipomwita Kavinya *dunnage*, watu tisa walicheka, na wa kumi alikuwa Kavinya mwenyewe.

Alicheka kwa sababu wenzake walicheka. Neno hakulijua, na wenzake pia hawakulijua. Lilitoka tu kinywani mwa katibu wa karakana likalia kama kofi, naye akatabasamu baada ya kulisema. Katika karakana ile, katibu akisema Kiingereza mbele ya mgeni kisha akatabasamu, kazi ya wengine ni kucheka.

Karakana iko Makadara, nyuma ya ua wa reli: mabanda manne ya mabati, magogo yamelala kila mahali, na vumbi la mbao limeingia hadi kwenye sukari ya chai. Wachongaji ni watu wa Ukambani, wengi wao wazee. Kavinya hakuwa mchongaji. Alikuwa na miaka ishirini na miwili, shule aliiacha darasa la sita mama yake alipofariki, na tangu hapo kazi yake ilikuwa kuvipiga vinyago msasa, kuving'arisha kwa polishi ya viatu, kisha kuvipakia kwenye kreti. Hakuwa mtu wa maneno. Akiulizwa jambo mbele ya watu, aliangalia vidole vya miguu yake kana kwamba jibu limeandikwa huko.

Mgeni wa siku hiyo alikuwa Amino, mama mwenye ghala mtaa wa Lucky Summer, ambaye hununua vinyago na kuvipeleka ng'ambo.

"Mizigo ya karakana nyingine hunifikia ikiwa kuni," alisema. "Yenu, mwaka wa pili huu, halijavunjika hata sikio la sungura. Nimekuja kumwona anayepakia."

Akatoa mkobani kikaratasi alichokibandua kwenye kifuniko cha kreti. Kilikuwa na maandishi mazuri ya kalamu ya wino: *Imepakiwa na J. Mutisya.*

"Ni mimi, Madam," katibu akasema, akarekebisha tai.

Na wakati huohuo, kama mtu aliyeitwa, Kavinya akapita na gunia la maranda kichwani. Maranda ni zile nyuzi nyembamba za mbao zinazoanguka chini ya randa. Kwa wengine ni takataka, kwake yalikuwa kitanda cha vinyago. Yalikuwa yamemjaa nyweleni na mabegani.

"Na huyu?" Amino akauliza.

"Huyu?" Mutisya akamtazama kama mtu anayetazama kitu alichokikanyaga. "Ah, Madam. She is just dunnage."

Hapo ndipo walipocheka. Hata Mzee Wathome, mchongaji mkongwe aliyemleta Kavinya kwenye karakana na kumpa kipande chake cha kwanza cha msasa, alionyesha meno yake matatu. Amino peke yake hakucheka. Alimtazama Kavinya mikono, kisha akamgeukia katibu.

"Nafungua sehemu ya upakiaji, kubwa, na nahitaji mkuu wake. Jumamosi ya wiki ijayo uniletee kreti moja uliyoipakia kwa mkono wako. Tutaifungua mbele ya wafanyakazi wangu, uwaonyeshe unavyofanya. Ikifika salama, kazi ni yako."

"Itafika, Madam," alisema Mutisya, ambaye hakuwahi kupakia hata kikombe.

Wahenga walisema jina baya halikosi miguu. Kufikia Jumatatu neno lilikuwa limeshatoka nje ya lango. Vijana wa magurudumu, wale wasukuma mikokoteni, walilichukua, wakalikata, wakalivalisha nguo za mtaa.

"Niaje, Daneji!"

"Daneji amekam! Mpisheni Daneji!"

Mwuza mboga wa Maringo, mtaa alikopanga chumba Kavinya, alimwambia, "Daneji mama, leo sukuma ni laini." Hakuwa na ubaya, alidhani ndilo jina lake. Kanisani mtoto mmoja alimwamkia, "Shikamoo, Anti Daneji." Na kila alipoitwa, Kavinya alikumbuka jambo moja tu. Si katibu, si wachongaji. Alikumbuka sauti yake mwenyewe ikicheka.

Mtu ukimtukana kwa lugha anayoijua, atakujibu au atalia. Ukimtukana kwa lugha asiyoijua kisha akacheka, umemwibia hata machozi. Kavinya aliapa, huku akisugua mgongo wa kiboko wa mbao hadi ukatoa joto, kwamba machozi hayo atayarudisha, na yatatoka kwa macho mengine.

Lakini kwanza alitaka kujua ameitwa nini.

Alimwuliza Rispa, rafiki yake aliyeuza uji nje ya lango.

"Mimi Kiingereza changu kinaishia kwa *good morning*," Rispa alisema. "Lakini baba alifanya kazi bohari ya mizigo ya reli miaka thelathini. Hakuna neno la mizigo asilolijua. Twende."

Mzee Ondiek alikuwa amekaa barazani pa nyumba yake, redio mapajani. Kavinya alisimama mbele yake akitazama vidole vyake, na Rispa ndiye aliyeuliza.

"*Dunnage!*" Mzee akazima redio. "Nani bado anatumia neno hilo? Nilidhani tulistaafu nalo pamoja!" Akamwashiria Kavinya aketi. "Sikiliza, nyathina, mwanangu. Behewa likija, huwezi kutupa mzigo ndani hivihivi. Unatafuta mbao chakavu, magunia matupu, mikeka, kabari. Unatandika chini ili maji yasifike. Unachomeka katikati ili mzigo usitembee. Vyote hivyo, pamoja, ndiyo *dunnage*."

Kavinya aliketi. "Na mzigo ukishafika?"

"Inatupwa. Watu wa stesheni walikuwa wanaipikia chai."

"Na kwenye mzani?"

"Haihesabiwi. Ilikuwa inapunguzwa, mzigo unabaki peke yake. *Dunnage* ilisafiri miaka yote na haikuwahi kuwa na uzito."

Kavinya akainuka. Alikuwa amepata alichokuja kutafuta na kilikuwa kichungu kuliko alivyotarajia. Katibu hakuropoka. Katibu alijua. Kitu cha kujazia, kisicho na uzito, kinachochomwa mwisho wa safari.

"Usiondoke na nusu ya neno, nyar Ukambani, binti wa watu," Mzee Ondiek akamwita. "Nusu ya neno ni kama nusu ya mkasi. Kila behewa lilikuwa na fomu. Mtumaji, mpokeaji, uzito, na chini kabisa, mstari mmoja: *Dunnage*. Hapo huandiki kitu, unaandika jina la mtu. Aliyeitandika. Mzigo ukivunjika hawakumwuliza dereva, hawakumwuliza stesheni masta. Waliuliza jina hilo. Mimi ndiye niliyekuwa naandika jina langu hapo." Akajipiga kifua. "Ondiek. Miaka thelathini, na sahani za watu wote wa Magharibi zilipita mikononi mwangu."

Kavinya alirudi nyumbani polepole. Neno lilikuwa limekua kichwani mwake. Kesho yake wakati wa chakula cha mchana alikwenda hadi Muthurwa, kwa muuza vitabu vya mitumba anayetandika karibu na wauza viatu, akaomba kamusi kubwa. Hakununua. Alipiga magoti, akasoma kwa kidole, herufi kwa herufi, kama alivyosoma darasa la sita. Maana ya Mzee Ondiek aliikuta. Chini yake akaikuta nyingine: mizigo ya baharia, vitu vyake vyote anavyomiliki, mfuko anaobeba begani. Akacheka kidogo, peke yake. Akaikuta ya tatu, kwamba neno lilikuwa pia kitendo; mtu aliweza *ku-dunnage* meli nzima.

Na Dedan, dereva wa pikapu waliyemkodi karakanani, alimwongezea nyingine bila kuulizwa alipomsikia akilitamka. "Mimi nilikuwa naendesha lori la kiwanda cha magari. Kule *dunnage* ni zile rafu za chuma zinazoletewa vipuri. Hizo hazitupwi, Daneji. Hizo lazima zirudi kwa mwenyewe. Ukikosa kurudisha moja, kuna vita."

"Lazima zirudi," Kavinya akasema.

"Lazima."

Neno hili lilimkaa vizuri mdomoni kuliko yote.

Jumanne Mutisya alimwita kando, nyuma ya banda la magogo, mahali ambapo wachongaji hawangesikia. Hakuwa na tai. Uso wake ulikuwa umelainika kama mkate uliochovywa chai.

"Kavinya, dadangu. Wewe ni damu yangu, watu wa mlima mmoja. Nionyeshe tu kidogo unavyopanga zile vitu. Kidogo tu. Nikipata ile nafasi, sitakusahau."

Tangu siku ile hakuwa amemwita kwa jina lake. Kavinya alilisikia, na moyo wake, ambao haukuwa mgumu, ukalegea. Alifikiri: labda nimfundishe yote, aende, aniachie karakana na jina langu.

"Sawa, Katibu," alisema.

"Ndiyo hiyo. Basi lete nyundo tuanze, Daneji."

Alikwenda akaleta nyundo.

Alimfundisha siku tatu. Na hapa lazima isemwe ukweli: alimfundisha vizuri, wala hakumdanganya hata mara moja. Alimwonyesha kuanika maranda juani hadi yalie yakifinywa. Alimwonyesha kuyatandika kreti chini, unene wa mkono mzima. Alimwonyesha kumlaza ndege ubavuni, kamwe usimsimamishe, na kumvisha gazeti miguu kabla ya maranda. Mutisya alitoka jasho, akaharibu, akarudia. Hakuwa mjinga. Kufikia Alhamisi mikono yake ilikuwa imeanza kuelewa.

Kitu kimoja tu hakumwonyesha, kwa sababu hakikuwa kitu cha mchana.

Maranda hushuka. Ukijaza kreti leo hadi juu, kesho utakuta pengo la kiganja. Kwa hiyo Kavinya, akishajaza, aliipandisha kreti juu ya vipande viwili vya bomba, akaisukasuka kushoto na kulia kama mama anayebembeleza mtoto, kisha akaiacha wazi hadi kesho. Saa kumi na mbili asubuhi alirudi peke yake, mlinzi akamfungulia, akajaza pengo, akasukasuka tena, akajaza tena. Yeye mwenyewe aliita *kulaza mzigo*. Mzee Wathome aliingia saa mbili, wengine saa tatu, katibu saa nne na thamosi yake. Mwaka wa pili huu hakuna aliyewahi kumwona akilaza mzigo, na hakuna aliyewahi kumwuliza mbona hufika mapema.

Ijumaa ikafika. Mzee Wathome aliwaleta ndege wake.

Walikuwa korongo kumi na wawili wa mti wa mpingo, shingo ndefu, miguu myembamba kama njiti za kufumia. Aliwachonga kwa miezi miwili. Mikono yake ilikuwa imeanza kutetemeka, na kila mtu karakanani alijua, ingawa hakuna aliyesema, kwamba miguu kama ile hataichonga tena.

Kavinya alipowaona alimsogelea mzee.

"Mzee," alisema kwa sauti ndogo, "wa kuonyesha tu, si tungempa katibu wale wenye nyufa? Wale wa rafu ya chini."

"Mteja mkubwa hapewi makapi, mami," Wathome akajibu. "Nataka awaone wenyewe."

Kavinya alishika korongo mmoja mkononi. Alikuwa mwembamba. Yeye ndiye aliyempiga msasa. Aliujua kila mshipa wa mbao yake. Akamtazama mzee, akayakumbuka yale meno matatu siku ile. Akamrudisha ndege mezani.

Mutisya alipakia mbele ya wote, akieleza kwa sauti kama mwalimu. Aliwapanga vibaya kidogo, akitumia nafasi nyingi, na wa kumi na mbili, yule mkubwa kuliko wote, akakosa pa kulala.

"Huyu abaki," katibu akasema.

"Habaki," Wathome akasema. "Kavinya, mtafutie kiboksi chako wewe. Aende na wenzake."

Mutisya akamwaga maranda ya mwisho, yakajaa hadi ukingoni, yakapendeza. Akakibandika kikaratasi chake chini ya kifuniko. Akashika nyundo, Kavinya akamshikia misumari. Kisha katibu akasita. Labda mikono yake, ile iliyoanza kuelewa, ilimwambia jambo. Akamwinamia sikioni.

"Kuna kingine?"

Karakana ilikuwa na kelele za tezo na randa. Neno moja tu lilihitajika. Lilikuwa limesimama nyuma ya meno yake kama mtu aliyesimama mlangoni akingoja kuambiwa aingie au aende zake.

"Wewe ndiye fundi, Katibu," alisema, akampa msumari.

Pa. Pa. Pa. Kila pigo lilikuwa zuri kulisikia.

Jioni hiyo alimpakia yule korongo mkubwa ndani ya kiboksi cha sabuni, akakisukasuka juu ya bomba, akakiacha. Jumamosi saa kumi na mbili alirudi, akajaza pengo, akasukasuka, akajaza tena. Kreti ya katibu ilikuwa kando yake, imepigiliwa misumari. Aliiwekea kiganja juu. Bado kulikuwa na wakati. Mtaimbo wa kung'olea misumari ulikuwa umening'inia ukutani, hatua tatu tu. Alikaa pale hadi mlinzi akamwuliza kama anaumwa.

"Siumwi," akasema, akatoka kwenda kwa Rispa kunywa uji.

Saa tatu Mutisya alikuja na suti. Wathome alivaa kofia yake ya Jumapili, akakaa mbele karibu na Dedan. Kavinya alikaa nyuma na mizigo, kiboksi mapajani. Kutoka Makadara hadi Baba Dogo barabara ilikuwa na huruma. Kuanzia hapo haikuwa nayo. Kila pikapu iliporuka, Kavinya alisikia ndani ya kreti sauti ndogo, kama mtu anayevunja njiti za kiberiti kwenye chumba cha pili. Alizihesabu hadi tatu, kisha akaacha, akaimba wimbo wa kwaya kwa sauti ya chini.

Ghalani kwa Amino wafanyakazi kama kumi na watano walikuwa wamesimama kwa duara. Mutisya akavua koti, akakunja mikono ya shati.

"Upakiaji," alianza, "ni taaluma."

Akang'oa kifuniko. Maranda yalikuwa yameshuka, na vichwa vya korongo vilikuwa vimejitokeza juu vikichungulia kama watoto waliosikia kelele barabarani. Baadhi ya watu walitabasamu wakidhani ni mtindo. Mutisya akamshika wa kwanza shingo, akamwinua juu ili wote wamwone.

Mwili ulikuja. Miguu ilibaki.

Akamwinua wa pili. Huyu alikuja na mguu mmoja. Wa tatu alikuwa mzima, na katibu akamwonyesha kwa haraka kila upande wa duara. Wa nne hakuwa na mdomo. Hakuna aliyecheka; walinyamaza tu, na kimya kile kilimla Mutisya kuliko kicheko. Alipofika wa kumi na moja, saba walikuwa wamevunjika, na jasho lilikuwa limemchora mgongo.

"Katibu," Amino akasema polepole, "nani amepakia hii?"

Kikaratasi kilikuwa pale juu ya kifuniko kilichopinduliwa, kwa wino mzuri. Mutisya alikiona. Akageuka, macho yakamwangukia Kavinya, na hasira ikamshinda akili.

"Ni huyu! Huyu Daneji! Hivi ndivyo alivyonifundisha!"

Neno likishatoka halirudi kinywani. Mutisya alifunga mdomo, lakini watu kumi na watano walikuwa wameshalisikia.

"Alikufundisha?" Amino akauliza. "Yeye? Alikufundisha wewe?"

Katibu akaanza kukunjua mikono ya shati.

Amino akasogea kwa Kavinya, akamwonyesha kiboksi. "Na hicho?"

Kavinya akakitoa. Amino alikichukua mwenyewe, akakiinua usawa wa kiuno, akakiachia. Kiliangukia saruji kikalia *du*. Mzee Wathome akafumba macho. Amino akakata kamba, akachimba ndani ya maranda, akamtoa korongo mkubwa, miguu yote miwili, kidole kwa kidole.

"Nani?"

Kavinya akainua mkono juu, kama mtoto wa darasa la sita.

"Siku ile niliona mikono yako ina makovu ya misumari," Amino akamwambia. "Ya katibu ilikuwa safi kama ya karani wa korti. Nikasema, tungoje Jumamosi." Kisha akamgeukia Mutisya. "Na ulimwita nani vile? Hebu waambie hawa maana yake."

"Ilikuwa utani tu, Madam."

"Waambie."

"Ni... vitu vya kujazia," Mutisya akasema akitazama vidole vya miguu yake. "Takataka. Mzigo ukifika, vinatupwa."

Hapo Kavinya alifungua kinywa. Sauti yake ilikuwa ya chini, watu walilazimika kunyamaza zaidi ili waisikie.

"Ni kweli, hiyo ni maana moja. Nimetafuta, ziko nyingine. Ni mfuko wa baharia wenye vitu vyake vyote. Ni chuma cha kiwandani ambacho lazima kirudi kwa mwenyewe. Ni mstari kwenye fomu ya reli, ambapo mtu huandika jina lake ili akaulizwe. Lakini hiyo yako pia ni ya kweli, Katibu. *Dunnage* hutupwa." Akamtazama, mara ya kwanza maishani, machoni. "Hutupwa mzigo ukishafika salama. Wako haujafika."

Dedan dereva alikuwa wa kwanza kupiga mluzi. Kisha ghala zima likalipuka. Mutisya alichukua koti lake, akapita katikati ya kicheko kile, na Kavinya akamtazama usoni akipita. Macho yalikuwa yamelowa. Aliyatazama hadi yakapotea nje ya lango, asikose hata tone.

Amino alimletea fomu ya kusafirishia mizigo. Chini kulikuwa na mstari, na neno lile lile limechapishwa kwa herufi ndogo.

"Jumatatu saa mbili," alisema. "Andika jina lako hapo. Si lile la kikaratasi. Lako."

Kavinya aliandika polepole, akikandamiza kalamu: *Kavinya Nzivo.* Nzivo lilikuwa jina la mama yake.

Alipoinua kichwa alimwona Mzee Wathome amepiga magoti kando ya kreti. Alikuwa akiokota miguu ya korongo mmoja mmoja kutoka kwenye maranda na kuiweka ndani ya kofia yake ya Jumapili. Kavinya akaenda akachuchumaa karibu naye, akamsaidia kutafuta.



"Kuna kitu hukumwonyesha," mzee akasema.

"Kipo."

"Na ulijua ni hawa."

"Nilijua, Mzee. Nilikwambia uwatoe wale wenye nyufa."

"Uliniambia." Aligeuza kijiguu kimoja kwenye vidole vyake vinavyotetemeka, akakitazama kama anasoma. "Mimi siku ile nilicheka, sivyo?"

"Ulicheka."

Mzee akatikisa kichwa, taratibu, kama mtu anayekubali uzito uliosomwa kwenye mzani. Akaiweka kofia mikononi mwa Kavinya, akashika ukingo wa kreti, akainuka peke yake ingawa Kavinya alimnyooshea mkono. Akaenda kukaa ndani ya pikapu.

Kufikia Jumapili jioni Dedan alikuwa ameshahadithia Makadara yote, na vijana wa magurudumu hawakukawia.

"Niaje, Katibu Miguu! Katibu, umesahau miguu nyumbani?"

Walimwimbia hadi akaanza kupitia njia ya nyuma, kando ya reli. Kavinya alilisikia jina hilo akiwa kwa Rispa, na uji ukamwingia mtamu.

Jumatatu alifika Lucky Summer saa kumi na mbili, kabla ya mtu yeyote, kwa mazoea. Alikaa juu ya kreti tupu akingoja lango lifunguliwe. Kofia ya Mzee Wathome, ile miguu bado ndani yake, ilikuwa mapajani mwake. Mzee hakuwa ameidai. Alijaribu kutafuta moyoni mwake neno la kumpelekea mzee pamoja na kofia, neno la pole, akalitafuta kwa bidii kama mtu anayetafuta ufunguo kwenye mfuko wa aproni. Vidole vyake mfukoni vilikuta maranda tu, makavu, yakilia yakifinywa.